Tambi za Idi Mbele ya Baraza

Ukiuliza leo hapa Mtanda nani alikuwa Abdulrahmani, utaambiwa, "Aa, yule aliyeshtakiwa kwa kabichi." Hapo ndipo hasira hunipanda. Mtu ameishi, amelima mikorosho, amezaa, amezika wazazi wake, amebeba mawe ya msingi wa zahanati kichwani, halafu anakumbukwa kwa kabichi. Tena wanaosimulia hawakuwapo. Mimi nilikuwapo. Ua wangu na ua wake zilitenganishwa na makuti tu, na makuti hayazuii harufu wala maneno. Kwa hiyo waacheni hao, niwasimulie mimi, mama Leonadi.

Abdulrahmani alikuwa mtu mrefu, mpole, wa maneno machache. Shamba lake lilikuwa Kilangala, nyumba yake hapa mjini. Miaka ile baada ya Azimio, mafundi wa Kichina walipiga kambi upande wa Mitole kuchimba visima, naye akapata kazi jikoni kwao, kuchota maji na kumenya vitunguu. Wachina walipomaliza wakaenda zao. Wenzake walirudi na viatu vya raba na beji za kubandika kifuani. Yeye alirudi na kisu kipana, chupa ya sosi nyeusi yenye chumvi, na mapishi ya chakula kimoja tu.

Chakula chenyewe kilikuwa hivi. Unachukua kabichi, unaikata nyembamba mpaka inakuwa nyuzinyuzi. Huipiki. Narudia kwa faida ya waliosinzia: huipiki. Unakwaruza karoti juu yake, unatia kitunguu cha majani. Kisha tambi, hizihizi kavu za pakiti, unazivunjavunja na kuzikaanga kwa mafuta bila tone la maji mpaka ziwe nyekundu. Unakaanga ufuta, unakaanga korosho na kuzipondaponda. Pembeni unakoroga siki, sukari, mafuta ya ufuta, tangawizi na hiyo sosi nyeusi. Vyote vinakaa mbalimbali kama wagomvi, na vinakutanishwa dakika ya mwisho, mlaji akiwa ameshanawa mikono. Ukichelewa vinalainika. Usipochelewa vinalia mdomoni kwaru, kwaru, kwaru, mpaka jirani anajua unakula nini.

Sasa kwetu sisi, mtoto anayetafuna kwa kelele anapigwa kofi. Kitu kibichi ni kachumbari, nayo inakaa pembeni ya pilau kwa adabu zake. Kitu kinacholia mdomoni ni ukoko, na ukoko msichana hali, isije ikanyesha mvua siku ya harusi yake. Na tambi ni tamu. Tambi ni tui, sukari, iliki, na zabibu kavu ukijaliwa. Tambi za siki! Hata mimi Mkristo niliona haya.

Mkewe, Bi Maftaha, alikuwa mtu wa Mitole, na tambi zake za Idi zilikuwa na jina mji mzima. Alirithi mkono wa mama yake. Asubuhi ya Idi watu walitoka msikitini wakapita milango ya nyumba zao wenyewe, moja kwa moja hadi kwake. Heshima yake yote ilikuwa ndani ya sinia lile la tambi. Ndiyo maana kila mumewe alipomwekea bakuli la kabichi, alilisukuma kwa kidole kimoja.

"Mpe mbuzi."

Mbuzi alikula. Mbuzi yule alinenepa mpaka watu wakauliza anapewa dawa gani. Lakini Abdulrahmani hakupika kwa ajili ya mbuzi. Alitaka mkewe aonje, basi. Aliniambia siku moja kupitia makuti, nikianika nguo.

"Shemeji, nimekula cha mkono wake tangu nimwoe. Nami ninacho kimoja changu. Kimoja! Hata tonge moja hataki."

Nilimhurumia, nikamwambia avumilie. Ningefanya nini? Ningekwenda kumfumbua mtu mdomo?

Basi ukaingia mwaka ule vitu vilipoadimika. Katika duka la ushirika ulikuta viberiti na mwuza duka. Katikati ya Ramadhani zikaletwa tambi, pakiti moja kwa kila nyumba. Bi Maftaha alipanga foleni tangu alfajiri, akarudi na pakiti yake kaifunika kwa kanga kama mtoto mchanga. Akaiweka juu, ndani ya mkebe wa unga, akisubiri Idi.

Abdulrahmani naye akapiga hesabu zake. Mtu aliyefunga kutwa, alijiambia, magharibi hakatai kitu. Zikibaki siku chache kufika Idi, Bi Maftaha akiwa amekwenda kumwangalia mgonjwa, mumewe akapanda kwenye kinu, akashusha mkebe. Aliporudi mwanamke, tambi za Idi zilikuwa zimekwisha kuvunjwa, kukaangwa na kuwa nyekundu.

Ukelele alioupiga ulinitoa jikoni nikiwa na mwiko mkononi. Nilidhani nyumba inaungua. Nilimkuta amekumbatia kikaango.

"Mama Leonadi, shuhudia! Shuhudia! Ameniua huyu! Idi watu watakula nini? Watakula mimi?"

"Mama Abilahi," alisema mumewe, "onja kwanza."

Loo! Ni heri angenyamaza. Bi Maftaha alizimimina zile tambi katika bati la biskuti, akalifungia ndani ya sanduku, akaweka ufunguo kifuani. Akafunga na furushi la nguo. Alisema anakwenda kushtaki, kisha Idi ikipita anapanda lori kwenda kwao Mitole, na talaka imfuate hukohuko. Abdulrahmani alikaa kizingitini, uso umemsawajika. Alimpenda yule mwanamke. Mtaa mzima ulijua, isipokuwa labda mwanamke mwenyewe.

Siku hizo, kabla ya talaka, lazima mpite kwenye baraza la usuluhishi. La mtaani kwetu lilikuwa na watu watatu. Mwenyekiti alikuwa Mzee Tawakali, mwenye busara nyingi na meno mawili. Katibu alikuwa Bwana Tomaso, aliyehudhuria semina ya siasa na hajapona tangu siku ile. Wa tatu Bi Tekla, mzito wa mwili na mwepesi wa kucheka. Wakakaa, wakalijadili shauri, wakaona kuna tatizo: kidhibiti ni chakula, na Mzee Tawakali amefunga. Kesi ikapangwa ianze adhana ya magharibi.

Tukafika ofisini kwa baraza. Bi Maftaha kajifunga kibwebwe, bati la biskuti kalikumbatia. Abdulrahmani kaja na kabichi mbichi, karoti, chupa zake, kopo la korosho na lile jisu. Adhana ikaadhiniwa. Mzee Tawakali akatafuna tende yake kwa yale meno mawili, akauliza kidhibiti ni kipi.

"Bado hakipo, mzee," Abdulrahmani alijibu kwa heshima. "Kosa halijakamilika mpaka nichanganye."

Wakatazamana.

"Basi fanya kosa," alisema Mzee Tawakali, "tulione."

Akalifanya. Alikata kabichi ile mbele ya baraza mpaka Bi Tekla akasahau kupumua. Bwana Tomaso, asiyependa jambo lipite bila yeye, akainua kidole.

"Mshtakiwa, chakula hiki ni cha kijamaa au cha kibepari?"

"Wachina walikuwa wakila bakuli moja, wote pamoja."

Bwana Tomaso aliridhika, akasogeza kiti karibu.

Bi Maftaha aligoma kutoa bati mpaka mwenyekiti alipomwamuru. Tambi zikamiminwa, ufuta, korosho, ule mchuzi wa siki ukafuata. Harufu ikajaa ofisi. Kumbukeni, waliofunga walikuwa na tende moja moja tumboni, na sisi tusiofunga tuliwangoja kwa adabu bila kula. Hata hivyo walishika taratibu. Mila ni mila: mpishi huonja kwanza, kutoa shaka. Abdulrahmani akala tonge. Kwaru. Kisha baraza likanyoosha mikono, kwa ajili ya haki.

Kwaru, kwaru, kwaru.

Hata kama mtu angesema neno, nani angesikia? Kulikuwa na watu nje wanasubiri kesi ya mpaka wa shamba. Walituambia baadaye walidhani panya wameingia darini. Niliitwa nitoe ushahidi wangu. Nikausema wote, ukelele, kikaango na kila kitu, nao wanatikisa vichwa tu huku wanatafuna. Hakuna aliyesikia hata herufi moja. Nilikasirika, nikakaa.

Mzee Tawakali pekee alikuwa anahangaika. Alilizungusha tonge upande huu na upande ule, yale meno mawili hayakutani. Mwishowe akatangaza kwamba hawezi kuhukumu kitu asichoweza kukiuma. Kikaazimwa kinu kwa jirani, Bi Tekla akatwanga sehemu ya mwenyekiti. Mzee akala kwa kijiko, macho kayafumba.

"Hebu nitwangie tena," alisema. "Kuna jambo sijalielewa."

Mwonja asali haonji mara moja. Bwana Tomaso alikuwa hajaelewa pia. Bi Tekla alielewa mapema, ila alitaka kuhakikisha. Mimi shahidi nikapewa kiganja kimoja, na nasema kweli ya Mungu, kile kitu kilikuwa kitamu. Kilikuwa kichachu kidogo, kitamu kidogo, kikali, halafu korosho inakuja nyuma inakubembeleza. Nilitamani kulia kwa miaka yote aliyonizidi ujanja mbuzi yule.

Bi Maftaha alikaa kwenye benchi, mikono mapajani. Alikuwa amefunga kama wengine, naye ana tende moja tumboni. Alinyoosha mkono mara moja, sijui kutaka au kuzuia, na Bwana Tomaso akamwahi.

"Mlalamikaji haruhusiwi kugusa kidhibiti."

Mkono ukarudi.

Bakuli lilipokuwa limekwisha kupanguswa hata kwa kidole, Mzee Tawakali alijikohoza. Akasema baraza limesikiliza, ila kwa masikitiko haliwezi kutoa uamuzi, kwa kuwa ushahidi haupo.

"Upo matumboni mwenu!" Bi Maftaha alisimama.

"Mwanangu, tumbo la baraza si stoo ya serikali."

Abdulrahmani aliambiwa aombe radhi, akaomba. Bi Maftaha hakuitika. Tulirudi watatu, mume mbele, mimi katikati, yeye nyuma. Tulipofika mahali njia inapokuwa nyembamba akanishika mkono.

"Wewe pia umekula?"

"Kiganja kimoja, shoga."

"Wote wamekula," alisema. Sauti yake haikuwa ya hasira tena, na hilo lilinitisha zaidi. "Baraza zima limekula cha mume wangu. Mimi ndiye niliyeambiwa nisiguse."

Lilikuwa kweli, ila mbuzi ni shahidi kwamba miaka yote ile mwenyewe ndiye aliyekataa.

Sasa mimi nilikuwa na pakiti yangu ya tambi. Foleni ya ushirika haikuuliza dini. Nilikuwa nimeiweka kwa ajili ya Leonadi, lakini Leonadi angekula muhogo na asingekufa. Mkesha wa Idi nikaipitisha juu ya makuti. Bi Maftaha aliipokea, akalia, akanitukana kwa kumchelewesha, akaanza kukuna nazi.

Idi ilifana. Watu walipita milango yao kama kawaida, sinia likarudi tupu, jina halikuharibika. Furushi la nguo lilikuwa palepale mlangoni, na kila mgeni aliliruka akijifanya halioni. Kila mtu alijua lori la Mitole linaondoka alasiri.

Wageni walipokwisha nilisogea kwenye makuti. Sisemi kwamba nilichungulia. Nasema kwamba makuti yalikuwa na tundu.

Abdulrahmani alikuwa amekaa karibu na mafiga, hana la kufanya. Bi Maftaha alifungua pindo la kanga yake, akatoa konzi ya tambi kavu. Alikuwa amelinyima sinia hizo. Amewapunja watu wa mji mzima, siku ya Idi, yeye! Akaziweka juu ya kinu.

"Hizi zako."

Mwanamume yule alikwenda mbio kutafuta kabichi, akaisahau kanzu yake ya Idi, akaichafua yote kwa mafuta. Alikata, akakaanga, akaitikisa chupa ya sosi nyeusi, na matone ya mwisho yakatoka. Bi Maftaha alikuwa ameketi juu ya furushi lake kama juu ya kigoda. Akapokea bakuli, akapiga bismillahi, akatia mdomoni.

Kwaru.

Mume kasimama kama mtu anayesomewa hukumu, na hii ndiyo iliyokuwa hukumu hasa.

Kwaru. Kwaru.

"Siki imezidi," alisema Bi Maftaha.

Abdulrahmani aliinamisha kichwa. Kwa mazoea ya miaka yote ile akanyoosha mkono achukue bakuli, ampelekee mbuzi. Bi Maftaha akalivutia kifuani.

"Nani kakwambia nimemaliza?"

Barabarani lori la Mitole lilipiga honi, likangoja, likapiga tena. Hakuinuka juu ya furushi. Alikuwa anatafuna, tena kwa kelele ambayo angempigia mtoto kofi, na mumewe kachutama mbele yake anafuta machozi kwa ile kanzu chafu. Mbuzi alilia uani mpaka jua likatua, na hakuna aliyemjali.