Filamu Niliyompelekea Bi Harusi

Nilipanda basi kutoka Columbus hadi Buffalo nikiwa na filamu moja kwenye kompyuta na roho mkononi. Binti wa mama mdogo alikuwa anaolewa wiki ile, na bwana harusi ni yule yule aliyeniposa mimi nilipokuwa naishi Louisville, akanichezea alivyotaka, kisha akazima simu.

Hakuna aliyejua ila mama. Kwetu posa haitangazwi mpaka mahari ipokelewe, watu wasije wakatia kijicho. Mama alinifunga mdomo, na wake naye hajaufungua mpaka leo. Mshenga, rafiki yake huyo bwana, alikuja kimya kimya, na picha hatukupiga. Kwa hiyo nilipowapigia simu kusema ukweli, ukoo mzima uliambizana kwamba nina wivu. Nilitaka kupasuka.

Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, ndiyo, lakini guu la mdogo wangu sikutaka livunjike. Nikaikumbuka opera moja ya zamani waliyoitengenezea filamu ya siku hizi: mlaghai mwenye suti nzuri anatongoza wanawake hotelini, akishawapata anawatupa, na rafiki yake anamsafishia njia. Wanaimba mwanzo mwisho. Maneno yangu yameshindwa, nilijisemea, labda macho ya mdogo wangu yatamsaidia.

Tukakaa sebuleni mchana, hina mikononi mwake haijakauka, mimi namlisha chipsi mdomoni.

"Dada, mbona wanapiga kelele hivi?" alicheka.

"Tulia uangalie."

Kikaja kipande nilichokuwa nakingoja. Mwanamke aliyeachwa anaingia karamuni kumwonya msichana mwingine, naye mlaghai anawanong'oneza wageni: mhurumieni, maskini, kichwa chake si kizima. Wanamwamini mwanamume. Nikaanza kulia kwa sauti, wala sikuona aibu, ingawa mama mdogo alikuwa jikoni na wageni wake.

"Unaona anavyofanya?" nikamwambia. "Mdogo wangu, kwa jina la Mungu, unaona?"

Aliniangalia kwa huruma ya kweli, na hiyo huruma ndiyo iliyonimaliza. Aliinua viganja juu hina isinichafue, akanikumbatia kwa viwiko.

"I know, Dada. Mchumba wangu alishaniambia kwamba unaumwa," alisema taratibu. "Ameniomba nisikukasirikie."