Marahaba Isiyo na Shikamoo

Kosa langu lina jina, nami nalitaja mapema ili msihangaike kulitafuta: ni kiburi cha mtu anayedhani amejitawala. Si kiburi cha mali (sina), wala cha sura (hiyo iliondoka pamoja na nywele). Ni kile cha msomi aliyepitia vitabu vinne vitano kuhusu ubongo wa binadamu, akaamini kwamba kwa kuwa anajua jinsi ubongo unavyofanya kazi, wa kwake hauwezi kumfanyia mchezo. Wangu ulinifanyia mchezo huko Kisarawe, mchana kweupe, mbele ya watu tuliokwenda kuwaomba binti yao, na hadi leo hapa Kongowe ya Kibaha wapo watu wazima wenye akili timamu ambao wakiniona nakuja husimama wima, wakanyamaza, wakangoja nitakachosema.

Mimi ni mwalimu wa sekondari, na kwa zaidi ya miaka ishirini nimekuwa mwalimu wa nidhamu, yaani yule ambaye wanafunzi wakisikia viatu vyake kwenye ujia hukumbuka ghafla kwamba wana vitabu. Kijana mmoja mchelewaji aliwahi kujitetea kwangu kwamba kuchelewa kwake ni mazoea tu. Nikamjibu, mbele ya wote mstarini, kwamba mazoea ni jina la heshima la uvivu, kisha nikawaeleza (jua likiwachoma, maskini) kwamba ndani ya ubongo zimo seli za neva zinazopashana habari kwa mizunguko, na kwamba jambo likirudiwarudiwa mzunguko wake huimarika, kama njia ya miguu inavyozidi kuwa nyeupe kwa kupitwa, hata mtu hulitenda bila kufikiri. Lakini sehemu ya mbele ya ubongo, hapa nyuma ya paji la uso, ndiyo yenye kupanga na kukataza, na mtu mwenye nidhamu huitumia hiyo. Nikajigonga paji la uso kwa kidole. Nililigonga kwa fahari sana.

Basi mtoto wa kaka yangu, Idrisa, akampenda binti anayeitwa Rehema, muuguzi, kwao Kisarawe. Ukoo ukaamua ipelekwe posa. Tatizo lilikuwa babu yake Rehema, Mzee Kondo, ambaye ndiye mwenye kauli katika nyumba ile na ambaye, kwa habari tulizozipata, alikwisha kuurudisha ujumbe mmoja wa posa kwa sababu tu msemaji wake alikaa kaweka mguu juu ya mguu. Ujumbe ule haukurudi tena. Idrisa, kijana ambaye huwa hana maneno, alinifuata hadi uani akashika mkono wangu.

"Baba mdogo, nakuomba. Nenda kama mgeni. Usiende kama mwalimu."

"Idrisa," nikamwambia, "mimi ninajijua."

Mshenga wetu halisi alikuwa jirani, Mzee Mikidadi, ambaye amewaposea vijana nusu ya Kongowe na hajapata kurudi mikono mitupu. Ila Mzee Mikidadi huzunguka. Huanza na mvua, akaja kwenye mihogo, akapitia msiba wa watu ambao hakuna anayewafahamu, na wakati wasikilizaji wamekwisha kusahau kilichomleta ndipo anapofika kwenye posa. Hapo ndipo nilipofanya ule uamuzi mdogo uliozaa yote: nikamwomba aniachie mimi niseme, yeye akae pembeni kama mshauri. Akasema, "Haya, Mwalimu. Maneno ni yako," kwa sauti ambayo leo naijua maana yake.

Jumamosi tukaondoka kwa gari langu, Mzee Mikidadi mbele na kaka yangu Shabani, baba yake Idrisa, nyuma. Mimi niliendesha huku nikiwasomesha. Niliwaeleza kwamba mizunguko ya mazoea ina hatari yake, kwamba mtu akiwa na jambo jingine akilini sehemu ile ya mbele hushughulika na jambo hilo, na ile ya ndani, yenye kutunza mazoea, hushika usukani bila kumwuliza mwenyewe; nikawaeleza kwamba dawa yake ni kuwa macho, na nilikuwa katikati ya maelezo ya kuwa macho pale gari liliposimama mbele ya geti. Geti la shule yangu, Tumbi. Nilikuwa nimeiacha barabara ya Morogoro, nimekata kona, nimepita vibanda vyote, nimepunguza mwendo kwenye tuta, na sikumbuki hata kimoja. Mlinzi akafungua, akanisalimu.

"Mwalimu," akasema Mzee Mikidadi taratibu, "wakwe wamehamia shuleni?"

"Nilikuwa nawaonyesha mfano," nikajibu. (Ndiyo, nilisema hivyo. Mtu mzima, mbele ya Mungu na mlinzi.)

Kaka Shabani alicheka hadi Kiluvya, tulipoacha barabara kuu kushika njia ya Kisarawe. Mtu mwenye busara angelichukua lile geti kama onyo. Mimi nililichukua kama ajali, nikaendelea kuikariri hotuba yangu ya posa, ambayo ilikuwa nzuri, yenye aya tatu.

Nyumbani kwa Mzee Kondo mambo yalikuwa yametandikwa kwa heshima: mikeka sebuleni, wazee wa ukoo wamekaa kwa safu wakielekea mlangoni, vijana wao nyuma, na pazia likitenga chumba cha wanawake, ambako harufu ya wali wa nazi ilitupa matumaini. Tukapiga hodi, tukakaribishwa. Utaratibu ulikuwa rahisi mno: niingie, niiname, niseme shikamooni wazee wangu, nipewe mahali, nikae. Nikavua viatu, nikaingia wa kwanza. Na wale wazee, kwa ukarimu wao (laiti wangekuwa wakali tangu mwanzo!), wakasimama wote kwa pamoja ili kutupokea.

Sasa mnisaidie kufikiri. Kila siku ya kazi, kwa zaidi ya miaka ishirini, mimi hupita mlangoni, na watu walio mbele yangu kwa safu husimama kwa pamoja. Kinachofuata hakipitii kabisa nyuma ya paji la uso. Nikawatazama kutoka safu ya mbele hadi ya nyuma, nikasema kwa sauti ya kutosha ukumbi:

"Marahaba. Kaeni."

Wakakaa.

Hilo ndilo jambo ambalo hadi leo linanikosesha usingizi kuliko yote. Wakakaa! Wote, watu wazima, wengine wenye wajukuu, kwa sababu nao walipita shule, na kumbe njia ile ya zamani haijaota majani kwao pia. Hata Mzee Kondo mwenyewe alikuwa amekwisha kufika nusu ya safari ya kwenda chini ndipo akashtuka, akabaki katikati, mikono magotini, akinitazama kama mtu aliyeibiwa kofia kichwani mwake mwenyewe.

Nyuma yangu nikamsikia Mzee Mikidadi akisema, "La haula."

Ningenyamaza pale, pengine ingepita kama utani. Lakini msomi akikosea haombi radhi, hueleza. Nikaanza kuwaeleza. Nikasema wazee wangu msinielewe vibaya, hili si dharau, hili ni suala la mizunguko ya neva, ndani ya ubongo zimo sehemu mbili, ya mbele na ya ndani, na mazingira yakifanana na yale yaliyozoeleka (nikaonyesha safu zao kwa mkono) basi ile ya ndani hutangulia, na kadiri nilivyoeleza ndivyo sauti yangu ilivyozidi kupata nguvu, maana sasa nilikuwa mahali ninapopafahamu, nimesimama, wao wamekaa, nami natembea kidogo kulia, kidogo kushoto, nikauliza hata "Tuko pamoja?" Nyuma kabisa mtu mmoja akamnong'oneza mwenzake, wakacheka.

"Wewe unayenong'ona huko nyuma," nikasema, "simama!"

Akasimama. Alikuwa Rajabu, mjomba wake Rehema, mdogo kwangu kwa umri, lakini mjomba. Na katika posa mjomba si mtu wa kusimamishwa. Alisimama upesi kama kijana wa kidato cha kwanza, kisha akajitazama amesimama, akanitazama, na uso wake ukaanza kubadilika.

"Huyu mtu wenu," akasema Mzee Kondo, akimwelekea kaka yangu, mimi akiniruka kama kigoda, "tangu lini mgeni akawakalisha wenyeji kwao? Na sasa anawainua mmoja mmoja! Akishachukua binti si atakuja kutuhesabu?"

"Mzee, tunaomba radhi," akasema kaka Shabani. Hakuwa akicheka tena.

"Mchukueni mtu wenu mrudi Kibaha. Watoto wakipendana, Mungu atawajalia kwingine."

Nilitaka kuomba radhi nikakuta kinywa hakina neno hata moja ambalo si la darasani. Nilimfikiria Idrisa, aliyekaa nyumbani Kongowe na simu mkononi. Zile aya tatu zilikuwa zimefutika. Kaka Shabani alikwisha kugeuka kutafuta viatu vyake, na hapo ndipo, kutoka nyuma ya pazia, sauti ya mwanamke mzee ikatoka kama mwiko unavyogonga sufuria:

"We mtoto! Salimia!"

Mimi sikuamua lolote. Naapa sikuamua. Kila mtoto aliyelelewa Pwani anaijua sauti ile. Ni sauti ya mama, mgeni anapoingia na wewe umesimama unakodoa macho. Kabla ya chaki, kabla ya cheo, kabla ya vitabu vya ubongo, mama yangu alikuwa ameichimba njia ile ndani yangu, na magoti yakaipata yenyewe. Yakakunjika. Kichwa kikainama mbele ya Mzee Kondo, upara wote, kama tulivyofanya utotoni ili mzee aweke mkono, na mdomo ukasema kwa sauti nyembamba ambayo sijaisikia tangu nilipoota ndevu: "Shikamoo babu."

Nikahisi mkono juu ya upara.

"Marahaba," akasema Mzee Kondo, kwa shida.

Magoti hayakukoma hapo. Yakanipeleka kwa mzee wa pili, wa tatu, safu nzima, shikamoo, shikamoo, kichwa kikiwekewa mikono ya kila aina, hadi nikamfikia Rajabu, ambaye bado alikuwa amesimama na ambaye kwa umri ndiye aliyestahili kunisalimia mimi. "Shikamoo," nikamwambia naye.

Rajabu akakaza uso, akanitazama kutoka utosini hadi miguuni. "Marahaba," akasema. "Kaa."

Nyumba ikalipuka kwa kicheko. Mzee Kondo alijifuta macho kwa ncha ya kanzu. Na ile sauti ikatoka tena nyuma ya pazia, safari hii pamoja na mwenyewe, bibi mfupi aliyejifunga kanga mbili, akiwa bado na kifuu cha nazi mkononi: "Si mnaona? Huyu kalelewa. Shule ndiyo iliyomharibu. Mzee Kondo, mpe maji mtoto wa watu, na hayo maneno yao aseme mwingine."

Alisema Mzee Mikidadi. Alianza na mvua, akaja kwenye mihogo, na mimi nilikaa kwenye mkeka, miguu nimeikunja, sijafungua mdomo ila kwa wali. Posa ilipokewa.

Sitaongoza posa tena, hilo nimelifunga. Na nimejifunza kwamba kuijua njia hakukuzuii kuipita. Mtu hujiokoa na zoea moja kwa zoea jingine lililochimbwa zaidi, tena mara nyingi hakulichimba yeye, na siku ya dhiki huhitaji mtu wa kumsukuma alikanyage. Idrisa na Rehema wanadhani ndoa yao imetokana na mapenzi. Waacheni. Mimi najua imetokana na bibi yake Rehema, aliyekuwa akikuna nazi, Bi Mwamvua.