Farasi Aliyefika Peke Yake

Kabla ya kumbi na kamera, Garima Khampariya alikuwa na msikilizaji mmoja tu, dada yake Kumud. Walikulia Jabalpur, kwenye nyumba za wafanyakazi wa reli, baba yao akiwa karani wa mizigo pale stesheni. Mchana wa kiangazi umeme ulipokatika na feni kusimama, wakubwa walilala hoi, na hao wawili wakajilaza sakafuni kutafuta ubaridi. Hapo Garima aliwaigiza watu wa mtaani: mwenye duka la nafaka aliyesemea puani, kuhani aliyeomba huku akichungulia sinia la vitamu, na shangazi yao mmoja aliyelia msibani jicho moja kwa marehemu na jingine kwa sari za wageni.

Kumud alikuwa amemzidi miaka sita, wala hakuwa mtu wa kucheka ovyo.

"Umeharakisha," alimwambia. "Ukisema shangazi akanyamaza, na wewe nyamaza. Nipe nafasi nimeze mate, ndipo unipige na neno la mwisho."

"Nikinyamaza utadhani nimesahau."

"Acha nidhani. Ndiyo raha yake, mjinga wewe. Haya, rudia."

Garima alirudia mara tatu, mara nne. Kumud alipocheka hatimaye, hakutoa sauti. Mabega yalianza kumtikisika, kisha akajifunika uso kwa ncha ya dupata, mtandio wake, na Garima akajua amepatia. Watu wengi walikuja kumchekea baadaye maishani, lakini shule yake ilikuwa ile, na mwalimu alikuwa huyo mmoja.

Kumud alipotimiza miaka ishirini na mitano aliposwa na mhandisi wa Satna. Siku ya harusi, jua likielekea kuzama, msafara wa bwana harusi ulishuka kutoka nyumba ya wageni kwa bendi ya matarumbeta, yeye mwenyewe juu ya farasi mweupe, shada la maua limemfunika uso. Walipofika kwenye geti la reli wakakuta limefungwa. Treni ya mizigo ilipita polepole, mabehewa hayaishi, na wajomba wakatumia nafasi hiyo kucheza ngoma barabarani. Bwana harusi akasema anashuka kunyoosha miguu. Akashuka, akapenya katikati ya watu, na upande wa pili wa umati kulikuwa na gari lililokuwa likimsubiri, na ndani yake msichana ambaye ukoo mzima ulidhani bwana harusi amekwisha kumsahau.

Geti likafunguliwa. Bendi ikapiga. Farasi, aliyekuwa amekwenda kwenye ukumbi ule ule wa harusi msimu mzima, hakungoja kuambiwa. Aliongoza njia, msafara ukamfuata ukicheza, kila mtu akidhani bwana harusi yuko mbele. Mama yao akatoka mlangoni na sinia la taa kumpokea mkwe, akainua macho, akakuta tandiko tupu.

Garima ndiye aliyetumwa chumbani kumwambia dada yake. Alikuwa na miaka kumi na tisa. Alisimama mlangoni.

"Kafika?" Kumud aliuliza, sari nyekundu imemwelemea, bangili hadi kiwikoni.

"Hapana."

"Mbona nasikia tarumbeta?"

"Farasi ndiye kafika, dada."

Kumud alinyamaza. Alinyamaza muda mrefu hata Garima akaogopa. Kisha akasema taratibu, "Huyo ana adabu. Mwingizeni ndani, kuhani anasubiri."

Walicheka wote wawili, wakashikana, wanja ukawachuruzika mashavuni, na katikati ya kicheko hicho kilio kikaingia chenyewe, na mama alipofungua mlango hakujua kama awafariji au awakemee.

Baada ya hapo Kumud alipata kazi ya kufundisha Kihindi katika shule ya wasichana huko Katni, akapanga vyumba viwili, na kila aliyekuja na habari ya posa alinyweshwa chai na kusindikizwa hadi barabarani. Garima aliingia benki Bhopal. Jumapili alasiri palikuwa na mgahawa uliowaachia watu maiki wachekeshe wenzao. Alikwenda mara moja kwa kutaniwa na wafanyakazi wenzake, akarudi mara ya pili mwenyewe, na mwaka wa tatu akaacha benki na kuhamia Mumbai.

Mumbai haikumtaka jukwaani. Walimwambia uso wake si wa televisheni na Kihindi chake kinanuka mashamba. Lakini kalamu yake waliitaka. Kwa miaka tisa alimwandikia Parag Luthra, mchekeshaji aliyejulikana hadi vijijini. Parag alisimama kwenye mwanga, na Garima alikaa nyuma ya pazia midomo ikimcheza, akiyasema maneno yake mwenyewe bila sauti, nusu sekunde kabla ya yule. Ukumbi ulipolipuka kwa kicheko, mwili wake ulisisimka, kisha ukapoa, kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa akageuka, akakuta anaitwa mwingine.

Kila kichekesho alimsomea Kumud kwanza kwa simu.

"Kata nusu," Kumud alimwambia. "Huyo Parag wako ana pumzi fupi."

"Dada, wanacheka kwa maneno yangu, makofi wanampa yeye. Wala jina langu hawalijui."

"Najua, mdogo wangu. Inauma. Vumilia, siku yako itakuja."

Siku ikaja, Pune, onyesho la saa kumi alasiri. Ndege ya Parag ilichelewa na ukumbi umejaa. Mwenye onyesho akamsukuma Garima mbele: "Dada, washike dakika kumi tu, nakuomba!" Alianza na vichekesho alivyovitayarisha. Havikufika hata safu ya pili. Mtu akapiga miayo kwa sauti. Akatafuta kichwani chochote kilichobaki, akasikia tena tarumbeta la siku ile. Akasema, "Siku ya harusi ya dada yangu, bwana harusi hakuja. Farasi alikuja."

Ukumbi ukatulia.

Akasimulia lote: geti, mabehewa, wajomba, sinia la taa. Na mwishoni akasema, "Mimi nikamwambia dada..." akanyamaza, akawaacha wameze mate, "...huyo ana adabu. Mwingizeni ndani, kuhani anasubiri."

Watu walisimama wima wakipiga makofi. Parag alipofika hakuna aliyemtaka. Baada ya wiki moja video ilikuwa kwenye kila simu, na ndani ya mwaka Garima alikuwa na maonyesho yake mwenyewe, Delhi, Nagpur, Kolkata, jina lake kwa herufi kubwa nje ya mlango.

Kumud aliiona video hiyo shuleni, wasichana wa darasa la kumi wakiwa wameizunguka simu wakicheka, hawajui kwamba dada wa kwenye hadithi ndiye aliyeshika chaki. Siku hiyo Garima alipiga simu mara sita. Haikupokelewa. Alimpigia mama, na mama akasema tu, "Dada yako anasema hana la kusema."

Ikapita miaka saba. Garima alituma barua, kadi za Diwali, shali moja ya pamba iliyorudi na muhuri wa posta. Kila usiku wa kazi watu walimpigia kelele, "Farasi! Farasi!" naye aliwapa. Alipofika kwenye ule ukimya kabla ya neno la mwisho, macho yalimwenda yenyewe kutafuta kwenye safu za mbele mtu mmoja ambaye mabega yangetikisika bila sauti. Walicheka watu elfu mbili na bado ukumbi alikuwa akiuona mtupu.

Majira ya baridi ya mwaka wa saba mama alianguka bafuni akavunjika nyonga. Wote wawili wakaja Jabalpur. Siku tatu walipishana mlangoni wakizungumza habari za dawa na sufuria. Siku ya nne, mama amelala, Garima alimkuta dada yake uani kwenye jua, kikapu cha njegere mbichi mbele yake. Akaketi, akaanza kumenya.

"Umekonda," Kumud alisema bila kuinua macho.

"Wewe umeota mvi."

"Za kwangu nimezifanyia kazi."

Wakamenya. Kisha Garima akasema maneno aliyoyarudia kichwani miaka yote. "Dada, nisamehe. Nilikuaibisha mbele ya dunia nzima."

"Aibu?" Kumud alishangaa kweli. "Jabalpur nzima iliniona siku ile. Kulibaki aibu gani ya kuficha? Harusi ungeisimulia hata kwa redio."

"Sasa miaka saba ni kwa nini?"

Kumud alipasua ganda kwa kidole gumba, akazidondosha njegere bakulini. "Kwenye video unasema, mimi nikamwambia dada, huyo ana adabu. Wewe ulimwambia nani, Garima?"

Garima aliliweka chini ganda alilokuwa ameshika. Alikuwa amelisema hivyo mara nyingi mno hata alikuwa ameanza kuikumbuka sauti yake mwenyewe ikilisema mle chumbani.

"Siku ile nilinyang'anywa kila kitu mchana kweupe," Kumud alisema. "Nilibaki na neno moja. Nililisema mwenyewe, likanisimamisha, nikajua sitakufa. Ukalichukua hilo. Wewe, uliyekuwa ukinililia kwa simu kuhusu Parag."

"Nilidhani... jukwaani linakaa vizuri zaidi nikilisema mimi."

"Ni kweli. Ungeniuliza, ningekushauri hivyo hivyo." Akanyanyua kikapu. "Hukuniuliza."

Garima hakukisimulia tena kichekesho cha farasi. Nagpur, ukumbi ulipoanza kuita farasi, aliwaambia, "Si changu kile. Mwenyewe yuko Katni, anafundisha." Wakacheka wakidhani ni utani, wakaendelea kuita, na walipoona hawapewi baadhi wakaondoka. Mialiko ilipungua. Alirudi kuandika, safari hii kitabu cha watu wa nyumba za reli, polepole, akifuta zaidi ya anavyobakiza, na hana tena wa kumwambia kata nusu.

Siku hizi wanazungumza, Jumapili, baada ya chakula cha mchana. Ni habari za nyonga ya mama, bei ya nyanya, mwalimu mkuu mpya. Mwezi uliopita Kumud alikuwa anaeleza jinsi mkaguzi wa shule alivyokuja bila taarifa akamkuta mbuzi ofisini, amekalia kiti cha mwalimu mkuu. Sauti yake ilikuwa imeanza kuchangamka, ikishuka na kupanda kama zamani. Garima, dirishani kwake Mumbai, alizuia pumzi.

"Mkaguzi akavua miwani," Kumud alisema, "akamtazama yule mbuzi, akamwambia..."

Akanyamaza. Garima alingoja. Alijua kungoja, alikuwa amefundishwa.

"Dada? Akamwambiaje?"

"Basi tu," Kumud alisema. "Nina madaftari ya kusahihisha. Kula vizuri, umesikia?"

"Nimesikia, dada."

Simu ikakatika. Garima alibaki nayo sikioni. Jumapili iliyofuata alitaka kuuliza mkaguzi alisemaje, akaona asiulize. Jumapili nyingine vilevile. Anapiga saa nane kamili, anauliza habari za mama, kisha anakaa kimya kidogo, akimwachia dada yake nafasi.