Siku mama aliniuliza maana ya "gullible"

Wakuu, salamu kutoka Nkubu. Hii siongezi chumvi, na mwenyewe sitoki vizuri ndani yake.

Mimi niko kazi ya ofisi huko Embu. Mama anaishi peke yake hapa nyumbani na kahawa yake.

Last year mvua ikianza, jamaa fulani alimletea miche arobaini ya avocado na pickup. Akasema ni grafted, yaani ya kuunganishwa, haitakawia kuzaa. Mama akang'oa laini mbili za kahawa, zile marehemu baba alipanda kwa mkono wake, akaweka hiyo miche.

Mwezi uliopita nilikuja leave, nikainama kuangalia. Hakuna hata mmoja ulikuwa na alama ya kuunganishwa. Ni mbegu za kawaida tu zilioteshwa kwa karatasi za nailoni.

Nikapigia dada yangu simu hapo hapo jikoni, mama akichambua maharagwe ya njahi. Tukaongea Kizungu asielewe, mimi nikianza:

"Mum is so gullible. She was taken for a ride. Hook, line and sinker!"

Tukacheka vile alidanganywa. Mama hakuinua macho.

Jumapili tukitoka kanisa akaniuliza, "Mwenda, gullible ni nini?"

Nikababaika. "Ni... mtu wa roho safi."

"Usinidanganye. Nimeuliza mwalimu wa Sunday school. Ni mtu wa kumeza kila kitu anaambiwa."

Kisha akaendelea:

"Yule mtu wa miche alisema ametumwa na wewe. Alijua jina yako. Alijua unataka niachane na kahawa. Yeye sikumwamini. Niliamini wewe."

"Si ungenipigia, mama?"

"Nilipiga. Ukatuma ile message ya 'can I call you later'. Hukupiga."

Wakuu, hapo ndio nilikumbuka.

Nilikuwa nimepost picha ya mama kwa Facebook, nikaandika tunataka kuachana na kahawa tuingie avocado, mwenye miche aje inbox. Mmoja alikuja. Nikamwelekeza mpaka kwa gate ya mama! Akanyamaza, nami nikasahau.

Nilimwomba mama msamaha hapo barabarani, kwa Kimeru, maana Kizungu kilikuwa kimeniaibisha vya kutosha.

Akasema, "Haya. Sasa tufanye nini na hiyo miti?"

Nikatafuta fundi wa kuunganisha miche kutoka Karurumo. Alisema mizizi ni mizuri, hakuna haja ya kung'oa, ataunganisha juu yake. Tulishinda naye siku mbili, mama akishika nailoni ya kufungia. Mpaka sasa thirty-one zimeshika. Kahawa ya baba ndio hairudi.

Nimejifunza hivi: conned, duped, fooled, hayo maneno yote ya mtu aliyedanganywa nilikuwa nimemrundikia mama kabla ya kumuuliza swali moja. Ningeuliza "ilikuwaje?" ningejua mlango nilifungua mimi.

Na mzazi akipiga simu, shika.

Kuna mwingine hapa amewahi kumteta mzazi kwa Kizungu akashikwa? Ongea, nisibaki peke yangu kwa hii aibu.