Mbuzi Aliyepigwa Picha

Wenzangu wakisahau panga shambani walichapwa. Mimi nikisahau, mama alinikazia macho, akaenda kulifuata mwenyewe. Nilijiona mtoto wa bahati. Upumbavu mtupu!

Sababu nilielezwa na shangazi, dada wa baba, ambaye siri haikumkaa tumboni. Kabla sijazaliwa, Uhuru ukiwa bado mchanga, mtaalamu mmoja wa mifugo huko chini Moshi alikuwa akijaribu mashine ya mionzi, ile ya kupiga picha za ndani ya mwili, kwa mbuzi wenye mimba. Babu akampeleka mbuzi wetu. Kwetu mbuzi hafugwi nje. Hufungwa ndani akaletewa majani, na hukubali kushikwa na anayemlisha tu. Kwa hiyo mama ndiye aliyemshikilia chini ya mashine, na walirudi tena na tena. Mtaalamu alimuuliza mama kama yeye mwenyewe ni mjamzito. Alikuwa na mimba yangu, changa, lakini babu, mkwe wake, alikuwa amesimama pale pale. Mwanamke wa kwetu angetamkaje neno hilo mbele ya mkwe? Akatikisa kichwa kukataa.

Mbuzi alizaa mtoto jike mzuri, mwenye kucheza na kunenepa. Alipokomaa ndipo akaharibika. Alisimama akitazama ukuta, majani yakiwa nyuma yake. Kijiko kikianguka aliruka kama amechomwa moto. Mtaalamu alikuja kumwangalia, akasema kwa furaha ya mtu aliyepata alichotafuta:

"Mionzi huharibu chembe za ubongo zikiwa bado zinaongezeka tumboni. Utotoni mnyama huonekana mzima kabisa. Kasoro hujitokeza akishakomaa."

Mama alimsikiliza akiwa amenibeba mgongoni. Baba alimchinja mbuzi yule aliyeharibika, na mama hakuigusa nyama.

Niliposikia hayo nilipandwa na hasira: kwa babu, kwa mtaalamu, kwa heshima yetu hiyo ya kufunga watu midomo. Nikamwendea mama.

"Mama, kumbe unangoja niharibike?"

"Nangoja upite umri ule, mwanangu."

"Umri gani?"

"Sijui. Mbuzi najua, mtu sijui. Sikupata wa kumuuliza."

Nikamaliza shule, nikaanza kunyoa ndevu, na mama akaanza kucheka ovyo ovyo kwa mambo madogo. Niliona kabisa kwamba anapumua, kwamba umri ule umepita. Mimi pia nilipumua.

Alasiri moja, miaka ile ya kupanga foleni ya sukari, tulikuwa tunamenya ndizi za supu ya mtori, sisi wawili tu. Nikasikia naitwa kutoka mgombani, sauti ya mwanamume, wazi kabisa. Nikaitika, nikatoka. Migomba ilikuwa imetulia. Hapakuwa na mtu, hata nyuma ya nyumba.

Niliporudi, mama alikuwa ameacha kumenya.

"Nani kakuita?"

"Jirani. Ameshakwenda."

"Mimi sikusikia mtu, baba," alisema polepole.

Sauti ikaita tena, karibu zaidi. Nilimtazama mama usoni, nikachukua ndizi nyingine, nikaendelea kumenya.