Malai ya Mabungo Ndani ya Arubaini

Mrehani ukiukata kwa kisu hunukia kidogo tu, kwa adabu. Lakini ukiuvunja kwa mkono, majani yakasagika baina ya viganja, harufu yake hujaa chumba kizima, tamu na kali kwa pamoja, mpaka mtu akageuka kuangalia nani kaingia. Ndiyo maana katika jiko langu la Mbweni kisu hakigusi mrehani. Hata yule mpishi wangu aliyesomea mapishi ng'ambo, akaja na vyeti vitatu, nilimwambia, "Vyeti vyako vizuri, lakini mrehani haujui kusoma." Sasa na yeye huuvunja kwa mkono.

Nasema ukweli wangu, na atakayenuna na anune: katika Unguja hii hakuna anayeniweza kwa malai. Watalii wanaita jelato. Ni ile ile malai yetu iliyovaa viatu. Nina duka Mji Mkongwe, nina jengine huku Mbweni, na mahoteli ya pwani huniagizia. Skuli niliishia darasa la saba, na hilo la saba lenyewe nililikaa dirishani. Wazungu huniuliza kama nimejifunza Italia. Huwajibu kuwa nimejifunza Malindi, uani, juu ya kigoda. Hucheka, wakidhani nafanya mzaha.

Kigoda kilikuwa cha mama yangu, Mwenyezi Mungu amrehemu. Kila sikukuu alikuwa akitengeneza malai ya mabungo kwa ajili ya watoto wa Mnazi Mmoja, na watoto walikuwa wakiziruka pipi na mabofu ya kupuliza wakaja kwake kwanza. Mashine hatukuwa nayo. Tulikuwa na kopo kubwa la maziwa ya unga lenye mfuniko, na ndoo. Maziwa aliyachemsha na sukari mpaka yakawa mazito, akayaepua, akavunjia mrehani ndani yake, akayafunika. Mabungo aliyakamua akayachuja kwa kitambaa, na hayo hakuyatia mpaka maziwa yapoe kabisa, kwa sababu bungo ni kali, likikutana na maziwa ya moto huyakata yakawa mabonge. Kisha kopo linaingia ndooni, pembeni yake barafu iliyopondwa na chumvi ya mawe, na kinachobaki ni kuzungusha. Kulia, kushoto, kulia, kushoto, unafungua, unakwangua kwa mwiko, unafunga, unaendelea, mpaka bega likuulize umelikosea nini.

"Barafu inagandisha," mama alikuwa akisema. "Mkono ndio unaolainisha."

Na mkono wenyewe ulikuwa wangu.

Nilikuwa na miaka tisa alipozaliwa mdogo wangu Rahma. Baba alikuwa Pemba, kwenye kazi ya kupakia karafuu, kwa hivyo dada yake, Shangazi Saada, alitoka kwao Makunduchi kuja kumlea mzazi. Alikuja na kikapu cha pilipili manga, kikapu cha tangawizi, na kinywa kilichojaa amri. Nyumba yetu ikageuka tanuri. Uji wa pilipili manga asubuhi, mchuzi wa moto mchana, maji ya kumkandia mama yakitokota jioni. Dirisha lisifunguliwe. Maji ya mtungi yasimkaribie. Hata mikono yangu, nikitoka kunawa, haikuruhusiwa kumgusa mama mpaka niikaushe juu ya makaa.

"Kaburi la mzazi," Shangazi alikuwa akisema, "huwa wazi siku arubaini."

Nyinyi mnalijua neno hili, mmelisikia kwa bibi zenu. Mimi nililichukua kama lilivyo. Niliamini kuwa kule makaburini kuna shimo limechimbwa, lina jina la mama yangu, linangoja. Nikamuuliza, "Shangazi, mvua ikinyesha halijai maji?" Akanipiga kofi la bega, halafu akacheka, halafu akafuta macho kwa ncha ya kanga.

Siku ya tisa Shangazi alikwenda Darajani sokoni. Niliingia chumbani kumuangalia mtoto, nikamkuta mama amekaa kitako, nywele zimemganda kwenye paji la uso kwa jasho, midomo imekauka.

"Mwanangu," akaniambia, "nshakunywa uji mpaka nahisi mie ndiye sufuria. Koo linaniwaka. Laiti ningepata malai, kijiko kimoja tu, nife nacho."

Alisema akicheka. Hakunituma. Nataka mlijue hilo. Lakini mtoto wa miaka tisa ambaye mamake hajamuomba kitu maisha yake yote, akisikia hivyo, hasikii mzaha.

Nilikwenda mbio mpaka wanakoshushia samaki, nikamlilia mchuuzi mmoja mpaka akanipa vipande vya barafu vilivyobaki. Nikavifunga guniani, gunia kichwani, maji yakinichuruzika shingoni na kunuka samaki changu. Kila hatua nilihisi mzigo unapungua. Jua la Malindi halina huruma na barafu ya maskini. Nilipofika uani gunia lilikuwa jepesi kuliko mkoba wangu wa chuo cha Kurani. Nikaiosha barafu ile, nikaiponda, nikatia chumvi. Maziwa yalikuwa machache, mabungo mawili, mrehani nilichuma kwenye kopo alilooteshea mama mwenyewe hapo ukutani. Nilizungusha peke yangu, naomba Mungu Shangazi abishane na kila muuza ndizi wa Darajani.

Haikuganda vizuri. Ilikuwa laini, ya manjano, inataka kukimbia kijikoni. Nilimpelekea kwenye kikombe cha chai.

Mama alikitazama kikombe, akanitazama mimi, akautazama mlango. Kisha akala. Kijiko cha kwanza alikifumbia macho. Cha pili na cha tatu alivila kama mtu anayekimbizwa. Alikwangua mpaka chini.

"Umetengeneza weye?"

"Naam."

"Peke yako?"

"Naam, mama."

"Basi ushanishinda," akasema.

Nimepewa sifa nyingi tangu hapo. Kuna wakubwa wamekula dukani kwangu wakalamba vidole mbele ya walinzi wao. Hakuna sifa iliyowahi kunitosha kama ile. Nikatoka nimejaa upepo, nikamwaga maji ya chumvi, nikaosha kikombe, nikakirudisha mahali pake. Shangazi aliporudi na ndizi zake alinikuta nimekaa uani, nimetulia kama walii.

Usiku wake mama akaanza kutetemeka. Asubuhi meno yalikuwa yanagongana, na mwili wake, nilipougusa, ulikuwa unaunguza.

Shangazi alisimama kando ya kitanda, mikono kiunoni. "Hii baridi. Hii baridi, nshaiona. Umekula nini weye?"

"Sijala kitu," mama akasema.

"Umekunywa maji?"

"Sijanywa. Nimekunywa uji wako tu, wifi."

Shangazi akageuka. Nilikuwa mlangoni. "Na weye, umempa nini mamako?"

Nilifungua mdomo. Wallahi nilifungua. Lakini kabla sijatoa sauti mama alinyanyua kichwa, akasema kwa haraka, "Mtoto yuko skuli siku nzima, atanipa nini? Mwache mwanangu." Akanitazama kwa macho yaliyokuwa yakisema nyamaza. Nikanyamaza.

Basi ikawa ni kupigana na baridi. Mablanketi mawili, kisha matatu. Tangawizi, pilipili manga, maji ya kukanda yanayotoa moshi. Makaa kwenye kigae chini ya kitanda, na kazi ya kuyapepea nilipewa mimi. Nilipepea siku mbili. Nilikuwa nimepiga magoti ubavuni mwa kitanda, kipepeo mkononi, macho yananiwasha, nafanya hesabu yangu: kikombe kimoja cha malai, kigae kimoja cha makaa, itayeyuka lini? Nilidhani ipo mle tumboni, bado imeganda, na kwamba nikipepea kwa nguvu zaidi itayeyuka atoke jasho apone. Nikibadilisha mkono. Mama akilia kwa joto, akitupa mablanketi, na Shangazi akimfunika tena huku na yeye analia. "Vumilia, wifi. Vumilia baridi itoke." Nami napepea.

Siku ya tatu majirani walipata gari wakampeleka hospitali. Jioni walirudi bila ya yeye.

Baba alifika kutoka Pemba baada ya maziko. Shangazi alimchukua Rahma akaenda kumlea Makunduchi. Mimi nilibaki mjini, na hapo ndipo nilipoanza kuwa mtu niliye: nikauza barafu za vijiti, nikabeba mizigo, nikanunua friji mbovu nikaifufua, nikapanda. Hakuna aliyenishika mkono. Na katika kupanda kote huko sikumwambia mtu. Si baba, mpaka alipokufa. Si mke wangu. Nilikuwa nikisimama mbele ya wageni najisifu, malai hii malai hii, na ndani yangu kuna mtoto anajua aliyemuua mamake.

Mwaka jana nilikwenda Mpendae kumtazama Bi Riziki, mkunga mstaafu, aliyemzalisha mama. Alikuwa mgonjwa, nimempelekea malai ya pasheni, na katika mazungumzo, sijui ulimi uliponyokaje, nikamwambia yote. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaweka kijiko.

"Baridi gani, mwanangu? Mamako alibakiwa na kipande cha kondo la nyuma ndani. Nilipita siku ya nane, homa ishaanza, nikamwambia aende hospitali. Akasema anamsubiri mumewe. Ile kiu aliyokuwa nayo ilikuwa ni homa."

"Kwa hivyo malai..."

"Malai yako ndiyo kitu pekee kilichompoza."

Nilitoka nikaingia kwenye gari. Kisha, badala ya kurudi Mbweni, nikaelekea kusini. Nilikuwa na furaha, nakwambieni, furaha ya mtu aliyetolewa jela. Nilitaka Shangazi Saada awe wa kwanza kujua. Maisha yake yote alikuwa akinitendea wema uliozidi. Nilipokwenda Makunduchi kwa likizo alinipakulia kabla ya watoto wake. Mtu akinisema vibaya alimfukuza barazani. Nilidhani ananipenda kwa uyatima wangu.

Nilimkuta ameketi mkekani, macho yamefifia, Rahma anampa dawa.

"Shikamoo, Shangazi."

"Marahaba. Mbona mbio?"

Nikamwambia. Nikamwambia habari ya kikombe, ya barafu, ya mama kunikingia. Hakushtuka. Alinyoosha mkono akakitafuta kichwa changu.

"Nilijua," akasema. "Nilijua siku ile ile. Mtoto gani mwanamme anaosha kikombe bila ya kuambiwa?"

Rahma alicheka, kisha akaona nyuso zetu, akaacha.

"Shangazi, nisikilize. Haikuwa malai. Bi Riziki kaniambia, kondo lilibaki, homa ilianza kabla."

"Riziki!" akasema. "Riziki na sindano zake. Mie nilimshika mamako kwa mikono hii, nnaijua baridi."

"Shangazi, si mie niliyemuua."

"Ulikuwa mtoto."

"Si mie, Shangazi. Hata kama ningekuwa mtu mzima, si mie."

"Nshakusamehe zamani, mwanangu," akasema, akinipapasa kichwa kama ninavyowapapasa wajukuu wangu. "Hata kabla hajazikwa nilikusamehe."

Nimewahi kumuuzia malai mtu mwenye jino bovu. Nimewabembeleza mabwana wa benki, wa forodha, wa mahoteli, wakakubali. Pale mkekani nilisema kila nililoweza, nikarudia, nikapandisha sauti, mpaka Rahma akaniwekea mkono begani. Ule wema wote, kila sahani ya kwanza, kila aliyefukuzwa barazani, ulikuwa msamaha. Bibi yule alimpokea miaka yote mtu ambaye yeye aliamini kamuua wifi yake, akamlisha, akamfichia, wala siku moja hakumtazama kwa jicho baya. Nani angeweza? Na mimi nimekuja kumwambia kuwa hapakuwa na cha kusamehewa, na kwamba makaa yale aliyoyawasha kwa mapenzi ndiyo yaliyomuongezea mgonjwa moto.

Hilo la mwisho sikulisema. Lilinijia mdomoni nikalimeza.

Nikainamisha kichwa chini ya kiganja chake. "Ahsante, Shangazi," nikasema, na nikamwacha anisamehe.