Mama Zima-Taa na Mlango wa Nyuma

Asubuhi, katikati ya kelele za mashine ya kukandia unga, mwanamke mfupi ananyoosha mkono ukutani na kuzima taa za ukumbi mzima usio na dirisha.

"Hakuna kuwasha tochi ya simu," anasema gizani. "Tokeni kwa mlango wa nyuma."

Wafanyakazi wa kiwanda hiki cha mikate wanapapasana. Mmoja anapiga sinia teke, mwingine anacheka. Kicheko kinakatika ghafla, kwa sababu mlango una komeo lenye kufuli, haufunguki.

Mawakala wa bima wanamwita Mama Zima-Taa, na si kwa mapenzi. Yeye hukagua majengo kabla kampuni haijakubali kuyawekea bima ya moto. Kampuni ina mtaji, ina mawakili, ina makampuni makubwa zaidi ya kuisaidia mzigo ukizidi. Vyote hivyo vinasubiri neno la mtu aliyefika mwenyewe hapa.

"Wakubwa hawataliona komeo hili maishani mwao," anasema. "Wananiona mimi tu. Nikidanganya, wote wamedanganyika."

Taa zinawaka. Mwenye kiwanda anatoa ufunguo mfukoni, jasho linamtiririka. Alifunga kwa sababu mikate ilikuwa ikitolewa huko kwa wizi. Tanuri lake liko taabani, na benki haitoi mkopo wa tanuri jipya bila bima. Mwisho wa kupeleka hati ya bima benki ni leo jioni.

Simu ya mkaguzi inalia. Ni wakala aliyeleta mteja huyu. Ni kaka wa mama yake pia, aliyemlipia ada ya chuo, na nusu ya kazi zake hutoka kwake. Mjomba akinuna, mwezi huu mkaguzi atakula kwa macho.

"Mwanangu, andika tu mlango upo. Si upo?"

"Upo, Mjomba. Haufunguki."

"Hayo madogo. Usinimwagie unga wangu."

Mkaguzi anamtazama mpanga mikate mwenye mimba kubwa, ambaye bado amesimama mlangoni, kiganja juu ya komeo.

"Wewe hufanyia kazi wapi, mdogo wangu?"

"Hapa hapa, dada. Niliomba nikae karibu na mlango, moto ukitokea niwahi."

Hofu inamshika mkaguzi waziwazi.

"Sipitishi, Mjomba," anasema, na kukata simu.

Mwenye kiwanda anaagiza bisibisi na kuling'oa komeo mwenyewe, akinung'unika kuhusu mikate yake.

Taa zinazimwa tena. Safari hii mwanga wa jua unaingia kutoka nyuma, na mpanga mikate ndiye wa kwanza kutoka. Mkaguzi anatia saini.

Anatamani siku moja awe na ofisi yake, asitegemee kazi za ndugu. Lakini mpango wa leo ni mwingine.

"Jioni napita kwa Mjomba kumwomba radhi," anajisemea. "Si kwa ajili ya mlango. Ni kwa kumkatia simu."